Maisha ya Bi Mdadisi, Roho wa Huzuni, Aliyewafundisha Wachongaji Kuuliza

Alizaliwa katika karakana ya kuchonga mbao, mwaka wa tisini tangu mji ule upate ukuta, siku ya pili ya mwezi wa mvua. Hakuzaliwa na mama, wala hakuna mkunga aliyemkata kitovu. Mwenye karakana, fundi aliyeitwa Mama Patasi, alikuwa amefiwa na binti yake wa pekee kwa homa, na kwa siku saba hakugusa ufagio. Maranda yakalala chini ya meza, majonzi yakalala juu ya maranda, na siku ya saba Muumba akayapa pumzi. Akatoka roho, kimo chake kimo cha kigoda, mwenye harufu ya mbao mbichi na macho ya mtu aliyefika ugenini. Alikuwa roho wa huzuni, lakini hakuanza kwa kilio. Alianza kwa swali: "Nani hayupo?"

Mama Patasi akashika patasi. "Nani kakuruhusu kuingia humu?"

"Sikuingia. Nimetokea humuhumu. Nani hayupo?"

Katika mji ule, mtu akifa, sura yake ilichongwa kwenye ubao na kutundikwa juu ya mlango wa nyumba yake kabla ya siku ya arobaini kwisha. Asiyetundikwa, jina lake halikutamkwa tena kwa sauti, hata na mama aliyemzaa. Desturi ilikuwa njema, ila wachongaji waliiharibu kwa woga. Waliamini huzuni ni kama mchwa, ikiingia kwenye ubao itakula nyumba nzima. Kwa hiyo marehemu wote walichongwa kwa kigezo kimoja cha bati: paji pana, mashavu ya mviringo, tabasamu. Mtaa mzima ulitabasamu tabasamu moja. Mjane mmoja alisimama mlangoni mwezi mzima akimlalamikia mumewe, kumbe anamsema mume wa jirani.

Mama Patasi alikuwa fundi wa kusifiwa, na alikwisha kuchonga mbao tano za binti yake. Kila moja ilikuwa nzuri, na kila moja ilikuwa ya mgeni. Alizitia zote motoni. Siku zilikuwa zinakwenda, na jina la mwanawe lilikuwa linakwenda nazo.

Hapo roho aliupata wito wake. Aliketi juu ya maranda akauliza, "Alikuwa anacheka vipi?"

"Kama watu."

"Watu gani? Haya, kazi yake ya mikono?"

"Kushona."

"Akitunga uzi kwenye sindano, mdomo ulikaaje?"

Mama Patasi akacheka huku machozi yakimdondoka. "Ulimi nje! Kwenye kona hii hapa. Nilimgombeza miaka nenda miaka rudi, rudisha ulimi ndani, wewe si mjusi. Naye ananijibu, Mama, bila ulimi uzi hauoni njia."

Alichukua ubao wa sita. Siku kumi na mbili akachonga, roho akiuliza, yeye akijibu kwa mkono: jicho moja limefinywa, kichwa kimeinama upande, ncha ya ulimi nje. Majirani walipochungulia, walimwita huyo kiumbe Bi Mdadisi. Wakaja mfinyanzi, mchoraji na mpiga zeze, kila mmoja na pengo lake. Naye aliwategea kitendawili: "Nina mgeni, nikimfungia mlango hubomoa ukuta, nikimpa kiti hunisaidia kazi." Mpiga zeze ndiye aliyekitegua. "Huzuni," alisema, na hapohapo akakaza uzi uliolegea tangu kaka yake azikwe.

Majaribu yakafuata. Bila muhuri wa Mkuu wa Mafundi, ubao haukutundikwa, na Mkuu alikuwa mzee msafi, nyumba yake hata inzi akitua huomba radhi. Alifika siku ya thelathini, ufagio mkononi.

"Ulimi! Mama Patasi, marehemu awatolee wapita njia ulimi?"

"Hamtolei mtu, mzee wangu. Anatunga uzi."

"Chonga upya. Na hiki kinachokupotosha, fagia."

Akaamuru karakana zote zifagiliwe kila siku. Bi Mdadisi aliishi kwa mabaki ya kazi za watu, kwa hiyo kadiri mji ulivyong'aa, yeye alikonda. Likabaki lundo moja tu la maranda. Mama Patasi alisimama mlangoni akasema, "Anayetaka kufagia humu aanze na mimi."

Siku ya thelathini na tisa, mchana, roho akauliza, "Kwa Mkuu wa Mafundi, nani hayupo?"

"Mkewe. Mwaka wa sita huu."

"Alikuwaje?"

"Sijui. Nadhani hakuna aliyewahi kumuuliza."

"Basi naenda."

"Kule hata vumbi hakuna, mwanangu! Utakufa. Kaa, ubao nitauficha."

"Huenda nikafa," alijibu Bi Mdadisi. "Lakini nataka kujua."

Alimkuta Mkuu akifuta sahani safi. "Mkeo akiingia mahali, alitazama nini kwanza?"

"Toka!" Kisha kitambaa kikasimama. "Dari. Kila mahali, dari kwanza. Nyumba yetu ya mwanzo ilituangukia."

"Na shingo ilikaaje?"

Mzee akainua kichwa ili amwonyeshe. Akakaa hivyo, uso juu, machozi yakamtiririkia masikioni. Alipoinamisha kichwa, mbele yake hapakuwa na mtu. Hivyo ndivyo Bi Mdadisi alivyofariki, akiwa amekwisha kupata jibu.

Asubuhi ya siku ya arobaini, Mkuu alikuja na muhuri wake. "Shingo ya mke wangu nitaichonga mwenyewe," alisema. "Huu wako, pigilia msumari." Mama Patasi akaupigilia. Kisha akasimama barabarani akaita jina la binti yake kwa sauti, mara tatu, na majirani wakaitikia.

Maajabu yake yanakumbukwa. Wapitao chini ya ubao wa mke wa Mkuu hutazama juu bila kujua sababu. Siku moja watatu walitazama, wakaona boriti imepasuka, wakatoka kabla haijaanguka. Na wachoraji waliokwama husikia harufu ya mbao mbichi, kisha swali.

Wapendwa, tuige mfano wake. Tukienda kwa mfiwa, tusikimbilie kumwambia asahau, yamekwisha. Tumuulize: alikuwa akilala upande gani wa kitanda? Wimbo gani alikuwa akiukosea maneno? Na akianza kusema, hata chai ikipoa, tusimkatize.