Maharage Yasiyotaka Kuchungwa

"Utajuaje kama yamewiva na huwezi kufunua?" mama aliuliza.

"Dada, presha kuka haifunuliwi. Washa, kisha nenda zako," mama mdogo alimjibu.

"Nende wapi, na maharage yamo motoni?"

Mama huwauzia wachukuzi wa bandarini Malindi wali na maharage mchana. Mgongo ulipomshinda kuinamia jiko la makaa, niliacha skuli nikae na chungu asubuhi nzima: nikoroge, niongeze maji, nichochee. Sasa mama mdogo alikuwa ametuletea jungu hili la umeme.

Mama alijaribu kifuniko, kikamgomea. Mvuke ulipotolewa alirudi nyuma, kanga usoni. Kisha akabonyeza harage moja kwa vidole, likapondeka. Akatia tui.

Siku ya pili aliliwasha mwenyewe. Mimi nikasimama kando na mwiko wangu, kwa mazoea. Dirishani walipita wasichana wa skuli, mmoja akimfunga mwenzake mtandio vizuri huku wakitembea. Niliwatazama mpaka kona ikawameza. Vyombo hivi husifiwa kwa kuokoa makaa. Hakuna anayekwambia ufanye nini na asubuhi uliyorudishiwa.

Nilipogeuka, mama alikuwa mlangoni, keshavaa buibui.

"Weka mwiko, mwanangu. Jungu halikutaki. Twende tukamuulize mwalimu mkuu kama yeye bado anakutaka."