Jina la Aliyetuficha

Mwanangu, iko siku ambayo hadi leo sijaisahau. Nilikuwa binti mgeni hapa Stockholm, nimetoka Bukavu, nahudumia wazee majumbani mwao kule Fisksätra. Mmoja wao alikuwa Mwingereza, mjane, aliyeandika riwaya wakati wa ile vita yao kubwa, baadaye akaandikia filamu. Alikuwa mkali, lakini hakunywa chai yake kabla hajanimiminia yangu.

Basi nami, kwa kutaka sifa, nikamwambia kwamba nimeandika filamu kwa ajili ya vijana wa kanisa letu la Rågsved. Ilihusu siku ile kwetu Bukavu, watu wenye silaha wakitutafuta, tulipofichwa chini ya magunia ya makaa na mama mmoja muuza mkate. Desturi yetu unaijua: ukisimulia ulivyookoka bila kumtaja aliyekuokoa, watu watakuambia shukrani ya punda ni mateke. Kwa hiyo nililiandika jina lake kamili, na kona ya duka lake.

"Mama huyo yuko hai?" akauliza.

"Yuko, Mzee. Anauza mkate palepale."

"Na waliokuwa wakiwatafuta?"

Nao walikuwa palepale.

Akaweka kikombe chini. Akasema aliwahi kuandika riwaya juu ya mwanamke aliyemficha rubani. Jina alilibadilisha, ila kuchechemea kwake akakuacha. Kitabu kikavuka mpaka, kikasomwa na maadui. "Walimjia," alisema. "Mimi nilikuwa nikipongezwa."

Nikaogopa, mwanangu. Nakala moja ya maandishi ya filamu ile nilikuwa nimempa ndugu mmoja wa kanisa, mkazi wa Tumba, aliyekuwa akisafiri kwenda Bukavu juma lile. Nikampigia mkewe.

"Alisha enda asubuhi, yaya," akanijibu, akiniita dada kwa lugha ya kwetu. "Ile karatasi yako iko mu valizi yake."

Maji yakimwagika hayazoleki; sanduku lake lilikuwa tayari njiani. Wiki mbili nilipiga simu ya yule mama, ikaita bila kupokelewa. Kila mtu alipotaja Bukavu kanisani, niliziba masikio nisisikie habari ya msiba.

Wiki ya tatu yule mama akapiga mwenyewe, kutoka mji mwingine. Akaniambia karatasi yangu ilisomwa kwa sauti mbele ya mkutano kule Bukavu, watu wakanishangilia, na jioni ileile mtu akaja kuulizia duka lake. Alitoroka na nguo za mwilini.

Nililia, nikaomba msamaha. Akasema, "Mwana wangu, minajua unanipenda. Sasa unipende kimya-kimya."

Ninyi leo mna simu. Neno mnaloandika hapa linafika kwetu kabla chai haijapoa. Sikukatazi kuandika, mwanangu. Andika vita, andika njaa, nitaje hata mimi. Lakini kabla hujamshukuru mtu hadharani, uliza kwanza analala wapi, na jirani yake ni nani. Ukishindwa kujua, mshukuru kwenye sala.

Mungu akuongoze mkono. Na yeyote atakayekufungulia mlango siku ya hatari, Mungu amjalie aufunge tena salama, na azeeke humo ndani.