Mazishi ya kweli ndani ya filamu ya kutisha

Jamani, nimemkosea Mama Aikande, jirani yangu hapa Old Moshi.

Mwezi uliopita jamaa wanaojiita madairekta walikuja kutafuta mikanda ya zamani ya video, eti waichomeke kwenye filamu yao ya kutisha. Nikawapa mkanda wa mazishi ya mume wa Mama Aikande. Niliurekodi mwenyewe kihambani kwao, kwenye shamba la ukoo, yeye akilia kando ya kaburi.

Sikumuuliza. Nilichekelea tu kwamba jina langu litaandikwa mwishoni.

Leo wameionyesha filamu yao ukumbini, Majengo, mjini Moshi.

Takataka! Jini kapakwa unga wa ngano. Damu ni tomato. Watu wanatafuna karanga, hakuna hata aliyeshtuka.

Ghafla akatokea Mama Aikande analia. Wamepunguza kasi ya picha, wakaongeza mngurumo, na chini wameandika MCHAWI.

Hapo ndipo ukumbi mzima ukapiga kelele.

Nikamvaa dairekta: "Huyu ni mjane anamlilia mumewe!"

"Mzee, ndiyo maana inatisha. Kilio kile hakiigiziki."

Msanii gani wewe? Umeshindwa kutisha, unaazima msiba wa mtu! Na mimi mpumbavu ndiye niliyekuazima.

Nafika nyumbani, kipande hicho kimeshazagaa kwenye simu za watu. Nikamsalimia Mama Aikande, "Shikamoo mama."

"Usiniamkie. Leo watoto wa jirani wamenikimbia."

Jumapili hii, ibada ikiisha, kabla hatujaanza mnada wa ndizi na mayai ya sadaka, nitasimama mbele ya usharika wote niseme yule ni mjane, siyo mchawi, na mkanda niliutoa mimi.

Wewe uliyekisambaza kile kipande, njoo tusimame wote.