Vibua Viwili Kwenye Beseni

Siku yangu ya kwanza kazini, kituo cha tuisheni Kiwalani, Mkuu wa Kituo alinikabidhi chaki, kitabu cha ufahamu na kopi ya kitabu cha majibu. Ufahamu ndo kile kipindi mtoto anasoma habari fupi halafu anajibu maswali. Mie cheti sina, kufundisha nilijifundisha mwenyewe, kwa hiyo kitabu cha majibu ndo kilikuwa kinga yangu.

"Usikifungue kwanza," Mkuu akasema. "Soma habari, jibu mwenyewe kwenye karatasi, ndo ulinganishe. Mkitofautiana, rudi kwenye habari."

"Sawa, Madam."

Nilifanya hivyo wiki mbili. Baadaye nikawa nasahihishaga moja kwa moja. Kitabu kilitoka mkononi kwa Madam, na kitu cha Madam sikuruhusu mtu akiguse.

Pale watoto walikaa kwa alama. Benchi la mbele ndo walioingia kundi la mtihani wa darasa la saba. Wiki ya kuchagua kundi, habari ilimhusu mama muuza samaki Kunduchi. Kwa nini aliondoka sokoni mapema? Kitabu kilisema samaki waliisha. Darasa zima likapata, kasoro Neema. Yeye aliandika mama aliwahi zahanati.

"Mwalimu, mbona kwenye beseni vimebaki vibua viwili?"

"We Neema, unabishana na kitabu cha Madam? Beba daftari, nenda nyuma."

Akaenda. Kundi la mtihani ndo likawa limempita hivyo.

Mkuu alipopita akamwona kule nyuma, akauliza kulikoni. Nikamweleza.

"Karatasi yako ya majibu iko wapi?"

Sikuwa nayo.

"Basi na wewe nenda nyuma, ukasome."

Nikabanana na Neema. Sentensi ya mwisho ilikuwa wazi: mama alifunika beseni lenye vibua viwili, akawahi zahanati. Mkuu akageuza ile kopi. Ilikuwa ya toleo la zamani, habari ilishabadilishwa mwisho wake.

"Kopi mbovu nilikupa mie," akasema. "Ila hawa wengine walipataje jibu lilelile la zamani?"

Tukakagua madaftari. Ndani yake kulikuwa na kopi ileile, stesheneri ya jirani walikuwa wanaitoa na kuwauzia. Darasa zima, aliyesoma habari ni yule niliyemfukuza mbele.

Nikamwomba msamaha wenzake wakisikia, nikambebea daftari hadi benchi la mbele. Wengine wote wakarudia, kwa habari nyingine.

"Mwalimu, na wewe unarudia?" Neema akauliza.

"Narudia."

Madam alipostaafu nami nikaacha. Sikuwa tayari kufanya kazi chini ya mtu mwingine. Washkaji wananicheka, eti mstaafu wa miaka ishirini na tisa. Sasa natengeneza simu Temeke. Wanafunzi wa mtaani kwangu wanajua kwenye droo nina vitabu vya majibu.

"Shikamoo braza, tunaomba majibu."

"Marahaba. Yapo. Nionyesheni kwanza ya kwenu."