Vidole vya Mpishi Kwenye Kipande Changu

Shida zangu zilianza mwaka wa 1990, nikiwa na miaka ishirini na mbili. Baba alikufa, mvua ikakataa kwetu Ukambani, na mimi shule niliacha darasa la nne, kwa hivyo hakuna ofisi ingenitaka. Nikaja Kitengela. Wakati huo ilikuwa maduka machache kando ya barabara na pundamilia wakivuka wakitaka. Nikaomba kazi kwa timbo la mawe la mzee mmoja Mmasai. Nikapewa nyundo na tindo. Glavu hakuna aliyezitaja.

Siandiki haya ili nionewe huruma. Nilicho nacho nilikitoa kwa mawe na mikono hii, na sijawahi kuomba mtu. Lakini mawe hula vidole. Mwaka wa kwanza ngozi hupasuka, wa pili inashikana vibaya, na ukifika wa tano ncha za vidole zimekuwa nyororo kama kijiko. Hakuna mstari hata mmoja. Hatukujua ni kitu cha kuogopa. Nani aliwahi kutafuta mistari ya vidole vyake?

Pale timbo tulikuwa na mpishi, rika langu, naye wa Ukambani, yatima. Tulilala naye chumba kimoja cha mabati miaka minne. Alitupikia muthokoi, yale mahindi ya kukoboa ya kwetu, na chai, na mikono yake ilikuwa laini kwa mafuta na maji ya kuosha vyombo. Tulimcheka.

"Kwa hiyo mikono, wewe ungeolewa."

"Afadhali mimi," anajibu huku akikoroga sufuria. "Nyinyi mkimshika bibi atafikiri amepigwa msasa."

Mwaka wa 1996 watu wa vitambulisho wakaja mpaka kwa chifu na meza yao. Vile vya zamani vilikuwa vinabadilishwa, na bila kipya hungeandikishana na mtu kitu chochote. Mimi nilikuwa nimepata ploti yangu ya kwanza, na muuzaji alikuwa ananingoja kwa wakili. Tukapanga laini kutoka asubuhi, mpishi nyuma yangu.

Mwenye wino akashika vidole vyangu akavizungusha kwenye karatasi, kimoja kimoja, vyote kumi. Yakatoka madoa meusi kumi.

"Hapa hakuna kitu," akasema.

"Ni vidole."

"Ni matope. Hii ikifika Nairobi bila mistari inarudi. Nenda ukae miezi mitatu bila kushika jiwe, halafu uje."

Miezi mitatu bila jiwe ni miezi mitatu bila ugali. Na ploti ingeenda. Laini ikaanza kulalamika nyuma, mama mmoja akasema wengine wameacha watoto nyumbani. Hapo mpishi akapitisha mkono chini ya kwapa langu, akauweka juu ya meza.

"Chukua hii," akamwambia mwenye wino.

Yule mtu aliuona. Najua aliuona, kwa sababu alitua kidogo. Lakini alichotumwa ni mistari, na hii mikono ilikuwa nayo. Akachukua karatasi nyingine, akazungusha vidole kumi vya mpishi juu ya jina langu, akaita anayefuata.

Tulicheka njia yote kurudi timbo. "Sasa hata ukiua mtu," mpishi akasema, "nitanyongwa mimi."

Yeye mwenyewe hakuwa amewahi kuchukua kitambulisho hata cha zamani. Alisema atachukua chake wakirudi. Walirudi baada ya mwaka mmoja hivi, nikamwambia aende. Akakaa kwenye mtungi wake uliopinduliwa, akafikiria.

"Siendi. Hivi vidole vimeshaandikwa wewe. Nikivipeleka tena na jina langu, watasema mimi ni mwizi."

Hapo ndipo ningesema twende wote wawili tuseme ukweli. Sikusema. Kipande, hicho kitambulisho kipya, kilikuwa mfukoni mwangu na ploti ilikuwa na jina langu.

Mimi nikapanda. Nikaacha kuchonga, nikanunua mashine ya bloki, nikajenga. Yeye akaoa msichana wa Mashuuru, timbo likafungwa, akaanza kuuza chai ya thamosi kwa maduka ya Kitengela. Rongai hakukanyaga tena, kwa sababu huko aliwahi kusimamishwa na askari akakosa cha kuonyesha, akalala ndani. Kura hakuwahi kupiga. Mwaka wa 2005, wakati wa kura ya maoni, tuligawiwa vile vijitabu vya katiba mpya. Mimi husoma polepole, kidole chini ya neno. Nilikuwa nasoma ile sehemu ya haki pale kwa bloki zangu, naye akinimiminia chai.

"Inasema nini?" akauliza.

"Inasema haki ni za kila mtu."

"Soma vizuri. Hakuna mahali wamesema mtu ajitambulishe kwanza?"

Nikamwambia amimine chai awache maneno mengi.

Mwaka uliofuata duka moja la simu likavunjwa. Wezi walipitia nyuma, wakabeba simu zote. Askari wakaja na unga mweusi na brashi, wakapaka kioo cha kaunta, kitu ambacho watu wa hapa walikuwa hawajawahi kuona, tukasimama kutazama kama watu wa sinema. Ilichukua majuma. Halafu wawili wakaja kwangu, wakiwa wapole.

"Mzee, tumetumwa. Vidole vya kile kioo vimewekwa kwa kompyuta huko Nairobi, na imekutoa wewe."

Nilijua saa hiyo hiyo. Kabla hawajamaliza kusema nilikuwa nimemwona mpishi na thamosi yake, kila asubuhi, akiegemea ile kaunta akimpigia mwenye duka hadithi.

Kituoni wakataka kuhakikisha. Wakaniwekea wino. Madoa kumi, maana mawe yalipoacha, saruji ya bloki iliendelea kula. Yule mkubwa wao akaangalia karatasi, akaniangalia mimi.

"Umejichoma vidole."

"Ni mawe."

"Mawe. Na yamekula baada ya wizi?"

"Mkubwa, mimi sijaingia hilo duka."

"Wewe unasema hujaingia. Mashine inasema umeingia. Mashine haina shemeji, haina kabila, haijakula kitu cha mtu. Nimuamini nani?"

Nilikuwa nimesoma kile kijitabu. Nilijua mtu anaweza kunyamaza asilazimishwe, na kwamba ni wao wa kuthibitisha. Nikanyamaza siku mbili. Nawaambia ukweli, sikunyamaza kwa ajili ya mpishi tu. Niliogopa ile karatasi ya 1996. Siku ya tatu bibi yangu akaja kunieleza kwamba wateja wanaanza kusema mimi nimejenga kwa wizi. Hiyo ndiyo ilinivunja. Si seli. Mimi, niliyechonga mawe miaka nane, nisemwe nimejenga kwa wizi.

Nikaita yule mkubwa. Nikamwambia, "Vile vidole ni vya muuza chai." Nikamwambia na mahali anapopatikana asubuhi.

Walimleta akiwa bado ameshika thamosi. Wakazungusha vidole vyake, vikalingana. Akaniona kwa benchi, akaelewa.

"Ndugu," akasema, "ungeniambia tu. Ningekuja mwenyewe."

Wakamuuliza kitambulisho. Hana. Wakamuuliza yeye ni nani. Akataja jina lake, na kompyuta ikasema huyo jina lake si hilo, jina lake ni langu. Mimi waliniachilia jioni hiyo. Ile karatasi ya 1996 hakuna aliyeniuliza. Walikuwa wameshapata mtu wa kushikilia.

Mzee wa timbo alinipata njiani wiki hiyo. Alishasikia. Yeye ng'ombe zake zote zina alama ya ukoo kwenye sikio.

"Supa," akanisalimu, halafu akaegemea fimbo yake. "Nikikata sikio la ng'ombe wangu alama ya jirani, halafu ng'ombe akala shamba la mtu, nani analipa?"

"Wacha hayo, mzee."

"Ng'ombe analipa," akasema, akaenda zake.

Mpishi alikaa rumande miezi minane. Kesi iliahirishwa, ikaahirishwa. Kilichomtoa ni mwenye duka mwenyewe, mama wa kutoka Murang'a, ambaye mwishowe aliitwa akaulizwa swali moja: huyu unamjua? Akasema huyu hunipa chai kila siku ya Mungu, huegemea pale pale, mimi hupangusa kioo jioni lakini siku ile sikupangusa. Basi. Miezi minane, na hakuna aliyekuwa amemuuliza. Mashine ilisema alishika kioo, na kweli alishika. Nani alikuwa ameipa ruhusa iseme kwamba aliiba, mimi sijui.

Alitoka akikohoa. Nilimpeleka hospitali ya Kajiado, nikaandikisha mimi, kwa sababu pale dirishani walitaka kitambulisho. Walipoita mgonjwa waliita jina langu. Akainuka. Hakuniangalia. Alikufa Mashuuru mwanzo wa mwaka wa 2007, kwa wakwe zake.

Hiyo ndiyo hunirudia. Si mazishi. Ni vile alivyoinuka kwa jina langu bila kulalamika, kama mtu aliyezoea. Nikiitwa mahali, benki, kanisani, nangoja kidogo kabla ya kuitika. Bibi yangu hufikiri masikio yamezeeka. Na kwa duka langu sikuweka kioo. Ni mbao tupu. Nikiona alama za mikono ya watu kwenye kioo, mafuta mafuta yale ya asubuhi, nazipangusa kwa mkono wa shati langu.

Nilikwenda kwa mjane. Nilikuwa nimenunua ekari mbili hapo Mashuuru, nikataka ziandikwe kwake. Alikuwa anachambua mboga, hakuacha.

"Baba yao alikupa mikono," akasema. "Wewe unanipa mchanga."

"Mama, ni ya watoto."

"Basi andika watoto. Uandike ni wa nani. Shule wakiuliza karatasi za baba, mimi huwaambia hakuwa na karatasi. Wewe ndiye unazo."

Nimerudi mara tatu. Mara ya mwisho alinipa chai, lakini shamba akakataa.

Leo niko na ploti mbili Kitengela, moja nyumba za kupangisha milango kumi na miwili, nyingine naishi. Duka moja la vifaa vya ujenzi. Mashine mbili za bloki, moja imeharibika. Pikapu moja. Ng'ombe tisa na mbuzi kama thelathini. Bibi mmoja, watoto wanne, wote wamesoma kunishinda. Na ekari mbili Mashuuru, ambazo ziko kwa jina langu na si zangu.