Msalaba Pembeni mwa Jina la Febronia

Kwa miaka ishirini na miwili Febronia Petro ametunza vitabu vya ubatizo vya parokia yetu hapa Itigi. Mimi nakaa meza ya pili, napiga chapa vyeti, na nakiri kwamba ubaridi wake uliniudhi tangu mwanzo. Wanakuja watu wazima waliozaliwa enzi ambazo vijijini hakuna aliyeandikishwa serikalini, wanataka cheti cha ubatizo ili wapate cha kuzaliwa. Mwaka hawaujui, na Febronia hawaulizi. Anauliza swali moja tu: "Aliyekutangulia kuzaliwa nani?" Akishampata kaka au dada, anashuka na kidole kurasa kadhaa, anampata na mtu wake. Akikuta msalaba wa wino pembeni mwa jina, alama ya marehemu, anasema, "Huyu alikufa," kisha anafunua ukurasa. Mtu analia, yeye anafunua.

Jina lake mwenyewe hakuwahi kulitafuta. Mganga hajigangi, na isitoshe alikuwa na kadi ya ubatizo aliyopewa na mama yake alipoanza shule. Mwaka huu mchwa wameila, na bila nakala mpya naye hapati cheti cha kuzaliwa. Akafungua kitabu cha 1964. Jina lilikuwepo, la baba na la mama pia. Pembeni palikuwa na msalaba, na chini yake 1966.

Nilimtazama nikisubiri. Alifunga kitabu, akamalizia chai iliyokwisha kupoa, akasema kesho hatakuja.

Alikwenda Mitundu kwa mama yake, Bibi Rebeka, ambaye uzee umemnyima macho lakini si ulimi. Aliporudi alinisimulia kwa sauti ile ile anayowasomea wageni. Alimwamkia, akauliza, na bibi akajibu huku akichambua maharage kwa vidole. Mtoto wa kwanza alikufa kwa surua. Mwaka uliofuata akazaliwa mwingine wa kike, wakampa jina la marehemu kama ilivyo desturi. Kadi ilikuwepo. Ya nini kumsumbua padri tena?

"Kwa hiyo mimi hamkunibatiza," Febronia alimwambia.

"Ulishabatizwa, mwanangu. Febronia alishabatizwa."

Mimi iliniuma. Yeye akaniambia hasikii kitu, hata hasira, kama mkono uliolaliwa. Nikamtania kwamba amepunguziwa miaka mitatu bure, wakati wenzake wanaitafuta kwa vipodozi. Hakucheka, na mimi nikaona aibu.

Padri alimsikiliza, akasema atambatiza kabla ya Pentekoste, na kama anataka anaweza kuchagua jina lingine. Jumatatu yake Febronia aliizunguka meza yake, akakaa kwenye benchi la wageni, akanisukumia daftari la wanaojiandaa kubatizwa. Hawezi kujiandika mwenyewe, alisema, si utaratibu.

Nikamuuliza jina. Akasema ni hilo hilo, amelizoea. Nikamuuliza tarehe, akatikisa kichwa. Mama yake anakumbuka tu kwamba mtama ulikuwa haujavunwa. Nikabaki na kalamu mkononi. Sikuwa na swali lingine ila lake.

"Aliyekutangulia kuzaliwa nani?"

Alitazama kidole chake, kile cha kushukia majina.

"Febronia," akasema. "Alikufa."

Sikufunua ukurasa.