Msiba wa Yona Chini ya Kiraka

"Mwenyekiti, mama yako alipofariki nilileta beseni zima la unga wa muhogo. Nikawasongea ugali waombolezaji mpaka viganja vikafura. Leo zamu yangu imefika unaniambia hakuna msiba? Basi nirudishie unga wangu!"

Skolastika aliyasema hayo mikono kiunoni, mbele ya vichanja vyake vya dagaa, asubuhi watu wamejaa mwaloni, pale mitumbwi ya wavuvi inapofikia. Mwinshehe, mwenyekiti wa kamati ya mwalo, akatazama mchanga. Si kwa haya tu. Kwenye mwalo ule, mbele kidogo ya Katonga, hakuna mtu mzima anayeinua kichwa kutazama juu ya ziwa upande wa Kongo, kwa sababu huko kuna Kiraka.

Kiraka ni kipande cha usiku. Kimeshonwa angani juu ya maji, hakisogei, hakifuati jua wala mwezi. Mchana jua linapasua vichwa, chenyewe cheusi tii, na ndani yake nyota zinawaka, nyota ambazo hazionekani penginepo popote. Watu wa pale wamezaliwa wakakikuta, kama wengine wanavyozaliwa wakaukuta mlima. Miiko yake nayo waliikuta: usikitazame, usikinyooshee kidole, usipite chini yake. Na mtu akipita akachukuliwa, usimtaje jina tena. Ukimtaja Kiraka kitapanuka, kifunike mpaka Ujiji, na dagaa hawatakauka milele. Kwa hiyo aliyechukuliwa na Kiraka hana msiba. Hakuna turubai, hakuna kuni za majirani, hakuna kulala chini. Mkewe anaamka kesho yake na kuanika dagaa kama jana.

Yona, mume wa Skolastika, alichukuliwa. Upepo ulimsukuma chini yake, mtumbwi ukarudi wenyewe, nyavu kavu, taa zake zote za kuvutia dagaa usiku hazipo. Na huyo mkewe hakuwa mtu wa kuambiwa nenda kaanike.

Alizaliwa Ilagala, karibu na mdomo wa mto Malagarasi, kwa baba aliyekuwa akifukuza viboko shambani kwa mdomo tu. Mdomo huo aliurithi. Yona alimwona mara ya kwanza akimsuta mchuuzi mmoja aliyetaka kumpunja, mchuuzi mpaka akasahau ndara zake. Yona akawaambia wenzake, "Huyu nikimwoa, mimi nitalala usingizi." Akamwoa, akalala usingizi kweli, maana dagaa wake hakuna aliyethubutu kuwagusa.

Lakini mdomo huo huo ulikuwa wa kwanza kufika penye kilio. Mfiwa awe Mwislamu, awe Mkristo, Skolastika alifika na beseni lake kichwani. Kwa Waha msiba ni kupokezana: leo unga wangu kwako, kesho wako kwangu. Hakuna anayeandika, na hakuna anayesahau.

"Shemeji," Mwinshehe akasema kwa sauti ya chini, maana yeye na Yona walikuwa marafiki tangu utoto, "nakuomba. Mwiko huu si wangu."

"Ni wa nani? Mlete nimwone."

"Kamati itakunyang'anya vichanja."

"Vichukueni! Utaanika wewe? Wewe dagaa ukiwatazama tu wanaoza!"

Kina mama wakaficha vicheko kwenye vitenge. Frida, dada yake Yona, akamvuta Skolastika gauni. "Wifi, nyamaza. Kitatumeza."

"Kaka yako alikuwa mtu, Frida. Si magamba ya samaki, eti tuyafagie tusonge mbele."

Akatandika mkeka katikati ya vichanja. Akavua kilemba, akajifunga kitenge kiunoni, akaketi na kunyoosha miguu. "Msiba uko hapa. Anayekuja aje, asiyekuja akatafune miiko yake."

Kisha akainua uso, akakitazama Kiraka.

"Yona! Yona wa Jeremia! Mimi mkeo nakulilia mchana kweupe!"

Watu wakajitupa chini. Frida akajifunika gubigubi. Wakangoja giza. Giza halikuja. Jua likaendelea kuwachoma visogo, na dagaa wakaendelea kukauka.

Skolastika hakubandua macho. Nyota nyingi zilikuwa zimetapanyika ovyo kama mtama uliomwagika, ila pembeni aliona zilizojipanga mstari, na ya mwisho ilikuwa nyekundu. Taa ya mwisho kwenye mtumbwi wa Yona ilikuwa imepasuka kioo. Yeye Skolastika ndiye aliyeiziba kwa kipande cha beseni jekundu lililovunjika, akakibandika kwa kisu cha moto. Wavuvi walimcheka Yona, wakasema anavua na taa ya nyuma ya bodaboda.

Kicheko kikamtoka, na machozi yakafuata papo hapo.

"Mawe! Mama yangu! Mtu huyu anavua mpaka huko! Frida, inua kichwa. Taa ya kaka yako ile pale."

Frida akatoa jicho moja. Akatoa la pili. Kilio alichopiga kilisikika mpaka barabarani. Mama mmoja akalitaja jina la mumewe Castory, mwingine la mwanawe, majina yakatoka makooni kama miiba ya samaki iliyokwama miaka. Kiraka hakikuongezeka hata upana wa ukucha.

Mwinshehe alikuwa amekwisha kuondoka.

"Ameenda kuita kamati," Frida akasema.

"Waje. Watanikuta nimekaa."

Jua lilipoanza kuegemea milima ya Kongo, Mwinshehe alirudi peke yake, beseni kichwani. Mwanamume mzima, mwenyekiti, na beseni kichwani kama mama wa msibani. Akalitua ukingoni mwa mkeka. Unga wa muhogo, umejaa mpaka juu.

"Ni ule wa msiba wa mama," akasema. "Pole, shemeji."

Skolastika akauchota, akausugua kati ya vidole. "Una chenga."

"Nimeuchekecha mwenyewe."

"Inaonekana." Akasogea, akamwachia nafasi kwenye mkeka. Mwinshehe akavua viatu, akaketi. Akatazama miguu yake, kisha taratibu akainua kichwa.

"Ni ile nyekundu?"

"Ndiyo hiyo hiyo."

Mwinshehe hakuinama tena.

"Bandika maji, Frida," Skolastika akasema. "Huyu simdai tena."